Mkono Usiosikia

Mjini Millinocket watu bado walimwita Mrushaji, ingawa Wendell Thibodeau aliacha besiboli ya kulipwa zamani. Msimu wake wa mwisho alirusha mpira akiwa na maumivu aliyomficha kocha, mpaka kano za bega zikakatika mbele ya umati. Akarudi nyumbani kaskazini, akaoa, akaajiriwa na shemeji yake, Armand, mkata miti. Armand alipanda juu na msumeno; Wendell alibaki chini na kamba, akiteremsha matawi mazito polepole yasiponde paa la mtu.

Vuli moja vidole vya mkono wake wa kulia vikaanza kufa ganzi. Mkewe, Noella, alimkuta jikoni akiokota vigae vya kikombe.

"Na hiki nacho?"

"Kimeteleza tu."

"Mwambie kaka yangu, Wendell. Yuko juu ya mti, wewe ndiye umeshika kamba."

"Nikimwambia, kesho nitakula nini?"

Tangu siku hiyo, kila wanaume walipoondoka Noella alisimama dirishani mpaka gari lipotee.

Siku moja walikwenda kupunguza mti wa Mama Pelkey, mjane aliyeishi karibu na mto. Upepo ulikuwa umeanza kuvuma. Mama Pelkey akawawekea kahawa kwenye benchi chini ya mti, akaketi kuwatazama.

"Ee Mrushaji!" Armand akapaza sauti kutoka juu. "Umeshika kamba au umeshikwa na usingizi?"

"Kata, acha maneno!"

Mama Pelkey akakumbuka sukari, akaingia ndani. Tawi likakatika. Wendell aliiona kamba ikikimbia kiganjani, akanusa glavu ikiungua, lakini mkono haukumwambia kitu. Aliuamuru ufumbe, haukufumba. Tawi likashuka kwa kishindo, benchi likawa kuni.

Mama Pelkey alitoka na bakuli la sukari, akasimama mlangoni.

Armand akateremka, uso mweupe. "Kamba imekatika?"

Angeweza kusema ndiyo. "Haijakatika," Wendell akasema. "Mkono hausikii, shemeji. Tangu Septemba."

"Tangu Septemba! Unanipandisha mtini kila siku, unacheka na mimi, kumbe... Toka mbele yangu!"

Daktari alisema mishipa ya fahamu inabanwa shingoni. Wangeweza kumpasua, pengine ganzi isiendelee. Kilichokwisha kupotea hakuahidi kukirudisha. Armand alikaa wiki nzima bila kufika kwao. Alipofika, alileta viazi, akala nao, lakini habari za kazi hakuzigusa.

Jumapili iliyofuata Wendell alikuwa akimenya viazi hivyo, kisu kikiwa katika mkono wa kushoto. Akakiweka chini ghafla.

"Noella, njoo. Nibonyeze hapa."

Mkewe akafuta mikono, akamshika kidole kidogo cha kushoto, akakibana kwa kucha.

"Unasikia?"

"Bana zaidi," Wendell akasema, akiitazama kucha ikizama.