Poda ya Anayerudia

Siku ile ya stesheni ya Kamina naikumbuka vizuri, mwanangu, na leo imenirudia yote tangu niliposikia unawaaga watu kwamba kesho unakwenda kumsalimia shangazi yako Kaniama. Nimecheka mpaka machozi yakanitoka. Hata uongo wako umeurithi kwangu! Hebu keti.

Nilimaliza sekondari nikiwa wa kwanza darasani, na kichwa kikanivimba. Unajua kwetu mtu akifaulu anamwagiwa poda nyeupe kichwani, mtaa mzima ukiimba. Basi mimi, nilipokuwa naenda Lubumbashi kufanya mtihani wa kuingia udaktari, ule tunaouita concours, sikungoja matokeo. Niliinama pale stesheni mbele ya kwaya yetu ya kanisani nikawaambia, mwageni tu, daktari ndiye huyu! Wazee walisema usitukane mamba kabla hujavuka mto. Mimi nilimtukana yeye na ukoo wake wote. Nikaanguka.

Mwaka uliofuata nilikuwa napita nyuma ya nyumba za watu nisionekane. Lakini udaktari niliutaka, mwanangu, niliutaka kuliko chakula! Nilisoma mpaka mama akawa ananinyang'anya vitabu ili nile. Baba, ambaye alikuwa karani wa kanisa, alikubali nirudie, ila akasema hiyo ndiyo mara ya mwisho. Nikianguka tena nitashika chaki kama dada zangu. Kuvunjika kwa koleo si mwisho wa uhunzi, hilo nililijua. Nilichokosa ni uso wa kuwatazama watu. Kwa hiyo nikatangaza mtaani kwamba naenda Kaniama, nikafunga kanga kichwani mpaka kwenye nyusi, nikaenda stesheni peke yangu.

Nani nikamkuta pale? Nkambo wangu, bibi mzaa baba, amekaa juu ya gunia la mahindi la mtu asiyemjua.

"Weye, unaenda wapi?"

"Kaniama, nkambo. Kusalimia tantine."

"Tangu lini treni ya Lubumbashi inapitaka ku Kaniama?"

Watu wakaanza kugeuka. Kumbe hakuja mikono mitupu. Akafungua kanga yake akatoa kopo la poda, na mimi nikataka ardhi inimeze.

"Nkambo, hapana! Batu bote batanicheka!"

"Bacheke! Ulianguka ku concours, haukuanguka ku famille. Ile mara ya kwanza ulijimwangia poda sawa mutu mwenye alisha kushinda. Leo miye njo nakumwangia, juu ya kurudia. Mutu mwenye kurudia iko na roho nguvu. Inama!"

Mwanangu, niliinama. Akamwaga kopo zima. Poda ikaingia masikioni, ikaingia mpaka kifuani, nikapiga chafya, na wachuuzi wa mihogo wa pale stesheni, ambao niliogopa macho yao, ndio walioanza kuimba. Nilipanda treni mweupe kama niliyelala ndani ya gunia la unga, nalia na kucheka pamoja. Ule mzigo wa aibu niliokuwa nao mwaka mzima sikuuona tena.

Lubumbashi niliosha nywele, lakini poda haikutoka yote kwenye misuko. Katikati ya mtihani nikajikuna, ikadondoka kidogo juu ya karatasi. Nilimwona nkambo pale pale! Nikatabasamu, nikaandika.

Siku ya matokeo walisoma majina kwa sauti uani. Langu lilipotajwa nilipiga kelele na kuruka, nikakirusha kitambaa cha kichwa. Msichana mmoja nisiyemjua akanishika nywele kwa mshangao: "Eh! Nani alisha kukumwangia mbele ya matokeo?"

"Nkambo yangu," nikamjibu.

Sasa nisikilize, mwanangu, maana najua kesho unakwenda Lubumbashi kurudia concours. Mficha uchi hazai. Usijisifu kabla ya kushinda, lakini usione haya kurudia, maana kujikwaa si kuanguka. Ukitaka jambo kwa moyo wote, waambie wanaokupenda wajue mahali pa kukusindikiza. Aliyeshinda atapata wa kumshangilia popote. Anayerudia ndiye anayehitaji watu wake. Na ukikosa tena, bado utashuka Kamina, wala hutapita nyuma ya nyumba ya mtu yeyote.

Vidye, Mungu wa babu zetu, akutangulie njiani, akupe kalamu nyepesi na moyo mtulivu, na mikono yako ije iponye wengi kuliko yangu. Nenda kalale. Kesho usifunge kanga kichwani, maana kopo nimeshanunua, na kwaya nimeshaiita.