Siku Niliyomkalisha Pivoti Wangu

Makocha wa kikapu wa vyuo vya London hatuaminiani. Unampokea mchezaji hajui hata kuruka kwa miguu yote miwili, unamlea, na akishaiva anakuja mtu mwenye tabasamu anamhamishia kwake. Nilikwisha kuporwa hivyo mara kadhaa.

Ndiyo maana nilipomwona mama wa pivoti wangu, yule binti mrefu anayenichezea chini ya kikapu, ndani ya mkahawa wa Edgware Road, meza moja na kocha wa chuo cha Hayes, nilijua naporwa tena. Mimi nilikuwa nje na mfuko wa nyama. Mama bado alikuwa na sare ya kazi, maana hutunza wazee majumbani. Kocha anamimina chai, mama anauliza, kocha anaweka mkono kifuani kama anayeapa. Sikuingia. Nilijibanza penye kituo cha basi nikawatazama mpaka wakaagana.

Kocha yule ni Mhindi wa Mombasa, mfupi, mwenye mdomo; mimi humwita Mombasa tu. Ujanani tulicheza kikapu cha kulipwa pamoja katika mji mmoja kaskazini mwa Uingereza. Mimi nilitokea Dar es Salaam, mrefu, najua kudaka mipira na kidogo zaidi. Yeye ndiye aliyenilisha pasi. Tulipanga chumba kimoja tukala sufuria moja. Magoti yangu yalipokwisha, yeye ndiye aliyeniambia niache.

"Bwana Mnara, shuka mwenyewe kabla hujaporomoka ukaziba barabara."

Nilimshuku tangu siku ile. Nilidhani ananisukuma ili nafasi yangu aipate rafiki yake mwingine. Niliacha, nikaishia kufundisha chuo kimoja cha Tottenham, na yeye baadaye akapata Hayes.

Binti mwenyewe alikuwa mwaka wa mwisho. Jumamosi baada ya siku ile ya mkahawa tulicheza na Hayes, na mtu wa chuo kimoja cha Marekani alikuja kumtazama yeye tu. Akimpenda, angesomeshwa kule bure, na mimi, kocha wake, ningesafiri naye kwenda kukiona chuo. Kwa binti na mama yake, ambao walifika nchi hii kutoka Uvira, Kongo, bila kitu, mlango mwingine kama huo sikuuona.

Nikamkalisha benchi. Nilijiambia: hawezi kung'aa kwa jasho langu halafu akavae jezi ya mwingine.

"Nimekosa nini, kocha?" aliniuliza kwa Kiingereza, kama watoto wa hapa wanavyosema.

"Kaa."

Kutoka benchi la Hayes ile sauti ya Mombasa ikapaa: "Bwana Mnara! Twiga wako umemficha wapi? Au leo amefunga?"

Nilisikia kejeli. Leo nadhani alikuwa ananiomba nimwingize. Kabla ya robo ya nne mtu wa Marekani alikunja koti lake akaondoka. Tulifungwa vibaya.

Mama alishuka kutoka kwenye viti vya watazamaji.

"Papa," aliniita, kama kwao wanavyomwita mtu wa heshima, "binti yangu anaumwa?"

"Haumwi."

"Sasa?"

"Muulize rafiki yako wa Edgware Road."

"Uliniona?"

"Nilikuona."

"Na haukuingia?"

Akaniambia taratibu, kama anayemwogesha mgonjwa. "Papa, kwetu hauwezi kumpatia mwanaume binti asafiri naye bila kuuliza. Na haumuulizi mwenyewe. Unamtafuta mtu amekula naye. Miye nilimtafuta huyo."

"Akasema nini?"

"Akasema nikupatie. Akasema utamrudisha muzima."

Mombasa alikuwa amekwisha kusogea. Nilimgeukia kwa hasira za aibu. "Na wewe hukuniambia!"

"Bwana harusi akipelelezwa haambiwi mwenyewe, bwana wee. Mama aliniomba ninyamaze."

Nilimwomba binti msamaha pale pale, mbele ya mama yake. Alivaa koti lake akaniambia sawa, na macho yake hayakusema sawa. Mombasa alisema mtu yule wa Marekani angerudi mwezi ujao, lakini kwake Hayes, kumtazama mchezaji mwingine.

"Basi mchukue," nikasema. "Mhamishe. Acheze kwako siku hiyo."

Alirudi nyuma hatua moja. "Una hila gani?"

"Sina."

"Wewe?"

Ilinibidi nirudie mara ya pili ndipo akaniamini nusu. Mama hakuamini hata nusu. Alimpima Mombasa kutoka viatu mpaka upara, halafu akanivuta kando, mbali na wote.

"Huyu naye, Papa, ni mtu wa namna gani?"

Nilimwambia ninachokijua: ana mdomo, lakini hana wizi.

Binti alimalizia mwaka wake Hayes, nusu saa ya ziada ya treni kila asubuhi. Mtu wa Marekani alimwona, akampenda. Aliyesafiri naye kwenda kukiona chuo alikuwa kocha wake, na kocha wake hakuwa mimi.