Siku Niliyolala Maiti

Katika muvi kumi na moja nilizocheza, nimekufa tisa. Kwa nini kila mara mimi, sijui. Labda sura yangu imekaa kimsiba.

Sisi hatuna kampuni wala mfadhili. Kamera ni ya kuazima, mavazi kila mtu anatoka nayo kwao, na muvi ikiisha tunaisambaza kwa flashi kuanzia Mbinga mjini hadi Mbamba Bay. Safari ile dairekta aliniapia kwamba sini ya msiba ikitoka vizuri, muvi inapelekwa kwenye tamasha Dar. Niliitaka hiyo Dar mpaka nikawa sijitambui.

Tulirekodi nyumbani kwetu Mapera, msimu wa kuchuma kahawa, kila mtu yuko shambani. Wa kucheza mama wa marehemu akakosekana. Nikasema, si mama yangu yupo?

Hapo ndipo ulipo ujinga wangu. Miaka ya nyuma kaka yangu alishuka ziwani Lituhi kuvua, mtumbwi ukapigwa na upepo wa mwera, wenzake wakatoka, yeye hakutoka. Walimtafuta siku nne. Matanga tuliweka, kaburi hatukuwa nalo. Mama alipoambiwa alie, alijibu, "Nimlilie nani? Hamjamleta." Hakulia. Na tangu hapo samaki wa ziwani hakuingia tena nyumbani kwetu, hata usipa, vile vidagaa vya kwetu, wa kuonja. Yote hayo niliyajua, na bado nikamwita. Nilidhani muvi ni muvi tu!

Nikalazwa mkekani sebuleni, shuka mpaka kidevuni, pamba puani. Dairekta akamwamkia mama.

"Shikamoo mama. Ukisikia ekshen, unamlilia mwanao."

"Marahaba. Yupi?"

Watu wakacheka. Hata mimi nilicheka, na pamba zangu.

Ekshen. Nikasikia mama anakaa karibu yangu, ananifunika miguu vizuri. Kisha akaanza kusema Kimatengo, taratibu, kama anavyomgombeza mtoto aliyechelewa kurudi. Umekaa wapi siku zote hizi? Nani alikuwa anakupa chakula? Halafu akataja jina, na halikuwa langu. Akaangua kilio. Majirani waliokuja kuigiza nao wakalia kwelikweli.

Mimi sasa nifanyeje? Niinuke nimwambie, mama, ni mimi? Au nitulie, niwe kaka? Niliona wivu, nikaona aibu kwa wivu huo, na, Mungu anisamehe, nikawa nawaza pia: sini kali hii, Dar tunakwenda! Sikujua lipi langu na lipi la marehemu. Machozi yakanitoka yenyewe, yakateremkia masikioni.

"Kata! Kata! Jamani, maiti analia!"

Dairekta akampigia mama magoti arudie. Mama akajifuta uso kwa kanga, akasimama.

"Nimeshamaliza, baba. Wangu nimeshamlilia."

Akatoka. Dairekta akanigeukia, "Wewe ndiye mwanawe, kamwambie. Kesho kamera inarudi kwa mwenyewe. Bila sini hii hakuna Dar."

Nilizunguka nyuma ya nyumba muda mrefu nikitafuta maneno. Nilikuwa na hasira, ila sijui ni kwa nani. Dairekta? Mama? Mimi na macho yangu haya yasiyojua kazi? Jua likawa linashuka nilipojikaza nikaenda jikoni, pamba moja bado puani.

Nilisikia harufu kabla sijaingia, nikadhani nimekosea nyumba. Mama alikuwa amemtuma jirani sokoni. Alikuwa anakoroga sufuria, macho mekundu, uso umetulia kuliko nilivyouona miaka yote hiyo. Ndani ya sufuria kulikuwa na usipa.

"Kaa ule," akasema, akaniita kwa jina langu. "Toa kwanza hiyo pamba."

Nje dairekta alikuwa ananiita, mara ya pili, mara ya tatu. Nikatoa pamba, nikanawa mikono.