Kaa la Moto kwenye Kigae cha Mama

Nilipokuwa mtoto, sikuruhusiwa kunawa uso kabla ya kusimulia ndoto. Bibi alisema maji huondoa ndoto pamoja na tongotongo, na ikishaondoka hairudi. Kwa hiyo kila asubuhi, pale kwetu kando ya ziwa, si mbali na Matema, nilikaa mbele yake macho yamegandamana, huku wenzangu wakipita na ndoo zao wakinicheka.

Mambo yenyewe yalianzia jioni. Bibi alikuwa mfinyanzi, kama wanawake wengi wa upande ule, na mama naye alifinyanga mpaka alipofariki, mimi nikiwa bado nanyonya. Picha yake pekee iliharibiwa na mafuriko. Kilichobaki ni kigae chake, yaani kitako cha chungu cha zamani ambacho mfinyanzi hukiweka chini ya udongo ili auzungushe vizuri anapoumba. Giza likianza kuingia, Bibi alichukua kaa moja la moto jikoni, akaliweka juu ya kigae kile, akakiweka mlangoni. Lazima liwe kaa la moto wa chakula. Moto wa kuchomea vyungu haukufaa, kwa sababu, alisema, ule uko kazini.

"Mwambie mama yako leo umefanya nini," aliniagiza. "Usimwombe kitu. Mwambie tu."

Basi nilimwambia. Nimechota maji, nimechapwa shuleni kwa kuchelewa kuhesabiwa namba asubuhi, nimekula ndizi za jirani, ila alinipa mwenyewe. Kaa lilipogeuka jivu tuliingia ndani. Bibi alisema mama ameshasikia, na jibu atalileta usingizini.

Shida yangu ilikuwa moja: mama mwenyewe nilikuwa simjui. Siku moja shuleni msichana aliniuliza mama yangu alikuwaje. Nikamwambia simkumbuki, naye akasema, "Basi wewe huna mama, hata sura yake huijui." Fimbo za mwalimu zilikuwa na nafuu kuliko maneno yale. Na kwa Bibi hakukuwa na msaada. Ukimuuliza habari za mama alinyanyuka akaenda kukanda udongo, na aliukanda kana kwamba umemkosea. Jina lake hakulitaja hata siku moja.

Ila asubuhi ilikuwa habari nyingine.

"Ugonile?" aliniuliza. Kwetu ndiyo salamu ya asubuhi, kumuuliza mtu kama amelala. Bibi hakuwa anasalimia tu, alikuwa anasubiri jibu.

"Nimemwona mwanamke kafunga kitambaa chekundu kichwani."

"Chekundu?" Alikuwa anasugua chungu kibichi kwa kokoto na hakuinua macho. "Hapana. Cha mama yako kilikuwa cha bluu. Na kichwani hakikukaa, alikitupia begani."

Siku nyingine niliota ananiita kwa sauti kubwa kutoka ufukweni.

"Huyo siye. Mama yako hata kuku walikuwa hawamsikii akiwafukuza."

Nikaota anacheka. Hapo Bibi aliiacha kokoto. "Akicheka alifunika mdomo, hivi," akasema, akaweka kiganja kilichojaa udongo mbele ya midomo yake. "Alikuwa na pengo hapa mbele. Alilionea haya." Kisha akarudi kwenye chungu chake. Mimi nilikimbia ziwani, nikanawa uso nikiwa na furaha ambayo hata leo naikumbuka vizuri. Mama yangu alikuwa na pengo!

Kuna asubuhi ambazo sikuota kitu, na njaa ya kumjua haikungoja ndoto. Nikasema nimeota tunakula mbasa, wale samaki wakubwa wa ziwani, mimi na yeye. Bibi aliinua macho.

"Hii umeitunga," akasema.

Aligeuza chungu, akalowesha kokoto, akaendelea kusugua.

"Na mbasa alikuwa hali. Mwiba uliwahi kumkwama, tangu hapo akawa mtu wa dagaa wa usipa tu. Haya, kanawe."

Nilipokwenda shule ya bweni, huko kwenye mashamba ya mpunga, nilidhani kila nyumba inafanya hivyo. Asubuhi ya kwanza nilikaa kitandani bila kunawa, nikamuuliza wa kitanda cha jirani nani anasikiliza ndoto hapa. Bweni zima lilicheka. Nikaamua kwamba ni mila ya watu wa ziwani, nao wa mashamba ya mpunga hawaijui.

Bibi alipofariki, nikiwa mtu mzima, nilimuuliza mama mdogo kile kigae kiende kwa nani.

"Chukua wewe," alisema. "Hayo mambo ya kaa hapa hayapo, na hayajawahi kuwapo. Mama aliyaanzisha wewe ulipoanza kuuliza maswali. Alikuwa hawezi kumzungumzia dada. Akianza tu, ananyanyuka kwenda kukanda udongo."

Nililia kuliko nilivyokuwa nimelia kaburini. Hakuweza kunisimulia habari za mwanawe, lakini aliweza kunisahihisha. Sijui kama mama alikuwa akisikia pale mlangoni. Najua kwamba kila asubuhi Bibi alimeza uchungu wake, akanikatia kipande kidogo cha mama, mpaka nikawa na mama mzima.

Sasa naishi Kyela mjini, napikia gesi, na kigae kimekaa juu ya kabati. Nikiwasha jiko la mkaa kwa ajili ya maharage hukishusha jioni, nikaweka kaa, nikamweleza Bibi habari za siku. Mume wangu amezoea. Binti yangu Upendo anaona ni vichekesho.

Juzi alikuwa amekaa na mimi pale mlangoni, akiigiza jinsi mchungaji wetu anavyopiga chafya katikati ya maombi. Nilicheka mpaka machozi yakanitoka. Akaacha kuigiza, akanikazia macho.

"Mama, kwa nini ukicheka unafunika mdomo? Mbona meno yako yote yapo?"

Mkono ulikuwa bado uko pale, mbele ya midomo. Niliuacha hapo hapo mpaka kaa likazimika.