Siku Niliyoosha Mwamba kwa Pombe

Maandishi yangu ya kwanza duniani, ukiacha ya kwenye kibao cha shule, niliyaandika mahali ambapo mtu mwenye akili timamu hupita ameinamisha kichwa. Niliyaandika kwa mkaa, kwenye ukuta wa pango kubwa la Kolo, juu kidogo ya kichwa cha twiga aliyechorwa na watu ambao hata babu za babu zetu hawakuwakuta. Kila herufi ilikuwa na urefu wa mbuzi. Haya, mbuzi mdogo. Lakini mbuzi.

Enzi hizo za Mdachi nilikuwa tarishi katika boma la Kondoa. Mchana nilipeleka barua, jioni nilisoma shule ya watu wazima iliyofunguliwa palepale bomani, chini ya mwalimu kutoka Tanga aliyekuwa na sauti ya tarumbeta. Tulikuwa saba darasani. Vibao vilibaki shuleni, karatasi ilikuwa mali ya serikali, na mimi mkono ulikuwa unaniwasha kuandika. Basi nikaenda nyumbani Kolo wakati wa mavuno, mvua ya kuchelewa ikanikuta na mbuzi wa mjomba, nikaingia pangoni kujikinga. Nikakuta mkaa wa moto wa zamani. Nikaangalia ukuta mpana, mkavu, hauna mwenyewe. Nikaandika jina langu, nikaandika jina la baba yangu, na chini yake nikamalizia: MWANAFUNZI WA KWANZA WA SHULE YA JIONI.

Ukweli nilikuwa wa nne. Lakini mwamba haukuuliza.

Mwaka mmoja haukupita, Bwana Shauri, ndiye mkuu wa boma, akaja darasani mwenyewe. Akasema wageni wakubwa wameanza kuja kutazama michoro ya kale katika milima yetu, na mtu yeyote atakayeongeza cha kwake juu ya mawe yale atapigwa hamsa ishirini. Viboko ishirini na vitano, msomaji, ndiyo ilikuwa hesabu ya serikali, haikupungua hata ukilia kwa lugha tatu. Mwalimu alipokuwa akitufafanulia, alitutazama mmoja mmoja. Mimi ndiye niliyetikisa kichwa kukubali kuliko wote.

Nilitaka kwenda kufuta. Wallahi nilitaka. Lakini ruhusa haikupatikana, na kabla haijapatikana akaja mgeni mwenyewe: Mdachi mrefu, mwembamba, ndevu rangi ya mahindi, tuliyempa jina la Bwana Mawe kwa sababu hakuuliza habari ya kitu kingine. Akatafutwa mtu wa kumwongoza. Na nani alikuwa amejigamba bomani miezi yote ile kwamba hakuna jiwe Kolo ambalo hajalikalia? Ndiyo hivyo. Mdomo wangu umenipeleka mahali pengi kuliko miguu.

Bwana Mawe alipiga hema karibu na kijito, chini ya milima. Kazi ilikuwa ya siku moja, asubuhi kupanda, jioni kurudi hemani. Tulikuwa watatu: yeye, mimi, na askari mmoja wa kutulinda. Sasa askari huyo, kwa bahati yangu ilivyo, alikuwa mwanafunzi mwenzangu wa shule ya jioni. Kuandika kulimshinda, ila kusoma alisoma, tena kwa sauti, tena kila kitu, hata maandishi ya kwenye masanduku ya biskuti. Na kiboko kilining'inia kiunoni mwake.

Jua lilipochomoza tukaanza. Mimi nilikuwa na shauri langu: nitamzungusha Bwana huyu kwenye mawe mengine mpaka miguu yake iombe radhi, na pango kubwa tutaliahirisha mpaka mwaka wa kiama. Nikampeleka kwanza kwenye mawe mawili yaliyobebana, la juu kubwa kama nyumba ya akida, la chini dogo kama kinu, na katikati yake nafasi ya kupitisha kiganja. Ukisimama chini unaona mbingu kwa ule ufa, na shingo inakusisimka yenyewe.

"Limekaa hivi tangu lini?" Bwana Mawe akauliza. Kiswahili chake kilikuwa kigumu lakini kilisimama.

"Tangu juzi, Bwana," nikasema. "Juzi ya Mungu."

Akaandika. Huyu mtu aliandika kila kitu. Nikampitisha kwenye genge ambalo ukichungulia unaiona mbuga ya Wamasai yote, njano, haina mwisho, na mimi nikamwambia siku ya hewa safi unaona mpaka moshi wa meli pwani. Akaandika, halafu akanitazama, akafuta. Nikampeleka kwenye pango dogo lenye pofu wekundu, wale swala wakubwa kama ng'ombe, na watu wembamba wenye vichwa kama vichaka. Akapiga magoti mbele yao kama mtu aliyekutana na wazazi wake. Nikampandisha, nikamteremsha, nikampitisha kwenye miiba ambayo mbuzi wenyewe huizunguka. Saa sita ilipofika mimi ndiye niliyekuwa nahema. Yeye anatabasamu.

Askari akanisogelea, akaninong'oneza, "Mwenzangu, mbona unatuzungusha kama wari wanaotembezwa ngomani? Pango kubwa si lile pale?"

"Lipi?"

"Lile unalolipa kisogo tangu asubuhi."

Bwana Mawe akalisikia neno pango kubwa. Macho yakamwaka. "Pango kubwa, ndiyo! Twende."

Tukaenda. Nikwambie, mgongo wangu ulianza kuwasha kabla ya kiboko kutoka kiunoni. Nilihesabu hatua na kila hatua niliigeuza kiboko kimoja. Nilipofika hamsa ishirini nikaanza upya.

Karibu na pango, chini ya mteremko, tulimkuta bibi. Alikuwa dada wa bibi yangu mzaa mama, na zamu ya kulitunza pango ilikuwa katika ukoo wao. Habari za mgeni zilikuwa zimemfikia, kwa hiyo alikaa juu ya jiwe akitusubiri, kibuyu cha pombe ya uwele miguuni.

"Shikamoo, bibi."

"Marahaba, mume wangu. Umekonda. Huyo Mdachi anakula chakula chako?" Ndivyo bibi zetu wanavyotutania wajukuu, na mjukuu hana pa kukata rufaa.

Bwana Mawe akamvulia kofia. Akataka kupita.

"Mwambie akae," bibi akasema. "Haingii mtu kabla mwamba haujanyweshwa. Na viatu avue."

Hapo ndipo nilipoona mlango wa Mungu ukifunguka, mwembamba kama ule ufa wa asubuhi. Desturi ya pango letu ni kwamba mgeni hukaa chini ya mteremko, nyuma ya mawe, huvua viatu na kungoja. Mwenye zamu hupanda peke yake, hujaza pombe mdomoni na kuirusha ukutani, kulia, kushoto na katikati, ili wenyewe wa pale wajue kuna ugeni. Baada ya hapo mgeni huitwa. Na kutoka chini pale, ukuta hauonekani.

Nikamweleza Bwana Mawe. Nilidhani atakasirika. Wapi! Alifurahi kama mtoto, akaketi, akaanza kufungua viatu vyake vyenye kamba ndefu kama reli ya kati. Askari naye ikabidi aketi.

"Bibi," nikasema kwa sauti ya huruma ambayo sijawahi kuisikia kinywani mwangu, "kifua chako kinakusumbua na meno yamekutoka. Nipe mimi nikanyweshe. Si ni damu ya ukoo?"

Bibi akanitazama kwa muda wa kutosha kupika ugali. "Tangu lini mume wangu akaijua huruma?" Lakini akanisukumia kibuyu. "Mara tatu. Usimeze."

Nikapanda mbio. Nikaingia. Yalikuwepo! Meusi, manene, kama yaliyoandikwa jana, na ile KWANZA imetanuka kuliko maneno yote. Nikajaza mdomo. Mimi ni Mwislamu, wazazi wangu Waislamu, na pombe haina njia kooni mwangu. Ila kinachoteleza chenyewe hakiulizwi. Nikarusha: pfuu! Mkaa ukaanza kulia machozi meusi. Nikasugua kwa upindo wa kanzu. Pfuu! Jina langu likayeyuka. Pfuu! Hapo desturi ikawa imekamilika, na mimi nilikuwa bado sijamfikia baba yangu.

Pfuu! Pfuu! Pfuu! Niliruka, nilirusha, nilisugua. Nilijihadhari nisimguse twiga. Maandishi yalikuwa juu yake, kwenye jiwe tupu, na nilikuwa namwomba radhi kila ninaporuka. Mashavu yaliuma. Kichwa kilianza kuwa chepesi, maana kuteleza nako kulizidi. Kibuyu kilipolia kwamba kimekauka, ukuta ulikuwa unatiririka na kanzu yangu imekuwa ya mfua vyuma.

Nikageuka kuwaita. Bibi alikuwa amesimama nyuma yangu. Sijui tangu lini. Aliwapungia mkono wapande.

Bwana Mawe akaingia pekupeku, vidole vyeupe vikijikunja kwa ubaridi wa jiwe. Akasimama. Ukuta ulikuwa umelowa, na msomaji, kama hujawahi kuona michoro ile ikilowa, hujaona wekundu. Twiga aling'aa kama amechorwa asubuhi ile. Watu wembamba waliotokea sikuwa nimewahi kuwaona, na mimi nilikulia pale: mmoja ameshika upinde, mmoja ameinama, mmoja kama anacheza. Kwa dakika nzima nilisahau mgongo.

"Nimesikia arobaini na moja," Bwana Mawe akasema hatimaye, akifungua kitabu chake. "Pfuu, arobaini na moja. Kwa nini nyingi?"

"Bwana," nikasema, "mwamba ni mkubwa."

Akaandika. Mpaka leo, huko kwao, nina hakika kuna kitabu kinachosema sisi Warangi wa Kolo hurusha pombe mara arobaini na moja.

Halafu akainua kidole. Kule juu kabisa, mkono wangu usikofika bila lile gogo nililosimamia siku ya kuandika, ulibaki mstari mmoja mweusi uliosimama wima, mguu wa herufi iliyopotelewa na mwili. "Na hii?"

Askari akatazama. Akanitazama mimi, akatazama kanzu yangu, akatazama tena juu. Nikauona mkono wake ukienda kiunoni. Nikafumba macho.

"Mkuki," bibi akasema.

"Mkuki!" Bwana Mawe akasema, akauchora kitabuni kwa uangalifu mkubwa.

Nilipofumbua macho, mkono wa askari ulikuwa umeshika mbavu zake. Alikuwa anakohoa, tena kikohozi cha mtu asiye na ugonjwa. Wakati Bwana amezama katika kuchora, akaninong'oneza, "Mkuki ule mwandiko wake naujua. Mwenyewe ni wa nne darasani."

"Utasema?"

"Niseme nini? Niliambiwa nimpige anayeongeza. Anayepunguza sikuambiwa." Akaanza kukohoa tena.

Nilitoka nje nikakaa juu ya jiwe. Upepo wa mlima ulinipiga usoni, nikauvuta wote, nadhani siku ile hawakubakiwa na upepo upande wa Dodoma.

Bibi akaja akakaa kando yangu. Nikajua sasa ni hukumu ya ukoo. Nikaanza, "Bibi, nisamehe, nilikuwa sina karatasi..."

"Nyamaza. Unajua wazee wamekaa vikao vingapi juu ya hayo madude yako?"

"Walijua ni mimi?"

"Nani mwingine Kolo anatembea na mikono myeusi akiwaonyesha mbuzi? Walitaka kuyafuta siku ileile. Lakini vikao vikavuta, msimu uliofuata mvua ikanyesha vizuri, uwele ukavunja vichanja kwa uzito. Ikawa nani ayafute? Mvua ikikatika si atasemwa yeye? Basi wakaogopa kuyaacha, wakaogopa kuyagusa. Mimi mwenyewe nikipanda kunywesha nilikuwa nayapita kwa mbali kama nyoka aliyelala." Akavuta pumzi. "Sasa umeyafuta wewe mwenyewe kwa mkono wako, kwa pombe ya pango, Mdachi akiwa shahidi. Hakuna wa kulaumiwa. Leo wazee watalala."

Nilimtazama nikaanza kucheka. Naye akacheka, kinywa chote ufizi, mpaka Bwana Mawe akachungulia kutoka pangoni na kuuliza kama hiki nacho ni desturi.

"Ndiyo, Bwana," bibi akamjibu mwenyewe kwa Kiswahili chake cha sokoni. "Andika."

Tuliposhuka jioni, bibi alinivuta sikio kabla hatujafika kwenye nyumba za watu. "Wakikuuliza, usiwaambie ulikuwa unaogopa viboko. Waambie umetoka bomani makusudi kuja kuwaondolea mzigo."

Nikawaambia hivyohivyo nyumba ya kwanza. Nyumba ya pili nikaongeza kwamba nilipanda usiku wa manane. Nilipofika nyumba ya tatu, pangoni alikuwemo chui.