Mke wa Sinema na Mtamba Aliyemwacha

Nawasihi, mkichapisha haya, lisitoke jina langu wala la ofisi yangu. Hata huko mnakopokea barua, zisomeni kimya kimya. Kajiado ni mji mdogo.

Niko na miaka ishirini na sita, karani hapa mjini. Mchumba wangu ni Mkamba wa Kitengela, na mwezi ujao tangazo la ndoa yetu litasomwa kanisani.

Mwaka juzi alikuja mwigizaji kutoka Korea kutengeneza filamu. Kwao alivuma tangu usichana, lakini aliniambia kwamba mwanamke akizeeka kidogo hupewa nafasi ya kuwa mama wa mtu, basi. Kwa hivyo akajifunza kazi za nyuma ya kamera: aliandika, akaelekeza, na bado aliigiza. Akimaliza kulia alijipangusa, akakimbilia televisheni ndogo kuona kama amelia vizuri. Nilimheshimu sana. Nilikuwa mkalimani wake, na bwana harusi wa filamu alipougua, akanivisha shuka mimi niwe bwana harusi.

Alitaka harusi ya Kimaasai isiyo na uongo, nami nikampeleka kwa nyanya yangu, tunayemwita Kokoo. Kwetu bibi harusi haingii bomani mpaka aahidiwe mnyama. Akasimama langoni, kichwa chini, akakataa kusogea kama nilivyomfundisha. Kokoo akamwahidi mtamba wake, akampa bibi harusi na jina jipya. Nilimnong'oneza mwigizaji kwamba Kokoo haigizi, anaamini ni harusi ya kweli. Alikasirika kwamba nimeharibu picha.

"Kama haigizi, vizuri," akasema. "Kamera inajua uongo."

Tukarudia. Kokoo, akidhani bibi harusi hajaridhika, akaongeza mbuzi.

Wiki iliyofuata mwigizaji akaenda zake. Sasa mtamba amezaa, na hakuna anayeruhusiwa kumuuza wala ndama wake; Kokoo anasema ni mali ya mke wangu. Nilimwandikia yule mama kwa kompyuta za saiba, nikamwomba amweleze Kokoo kwamba ulikuwa mchezo. Akajibu kuwa nilifanya kazi nzuri, asante. Hivyo ndivyo alivyokuwa akimwambia kila mtu jioni, kazi ya filamu ikiisha. Nasikia sehemu ile ya langoni ndiyo iliyomfanya aitwe mwelekezi huko kwao.

Babake mchumba wangu ni mzee wa kanisa. Siku ya kwanza alinitania, "Nyinyi Wamaasai mnaongeza wake kama ng'ombe. Wangu atakuwa peke yake, kijana." Nikacheka na wengine.

Kokoo nimemweleza mara nyingi. Hakasiriki.

"Wa pili ni baraka, mtoto wangu," anasema. "Huyo wa kwanza alisafiri tu. Nitakuja kanisani na maziwa, nimsalimie mke mdogo."

Mchumba wangu hajui lolote. Nikimwambia, nitampoteza, nikinyamaza, ataambiwa na Kokoo mbele ya waumini. Nishaurini, ndugu zangu, nifanye nini?

Msitume jibu ofisini, barua hufunguliwa na yeyote. Jibuni kwenye ukurasa huu. Gazeti likifika Jumamosi mimi ndiye hulisoma kwanza. Andikeni tu, "Kwa mwenye mtamba." Rangi yake nimeificha makusudi. Hapa kila mtu anamjua, na anajua ni wa nani.