Maji ya Uzinduzi

Tusekile amefinyanga vyungu kwenye ufukwe wa Ziwa Nyasa tangu akiwa binti, na mdomo wake haujui kubembeleza. Mwambie ana bahati kukaa kando ya maji mengi hivyo, atakucheka mpaka uone aibu. Mengi, ndiyo, na kipindupindu ndani! Masika ya mwaka juzi mjukuu wake Kisa alilazwa siku sita, nusura wamzike. Tangu hapo bibi huyo huchemsha kila tone, na kuni za kuchomea vyungu zinaishia jikoni. Vyungu vibichi vimejaa nyumba nzima, na njaa nayo imeshapiga hodi.

Kwa hiyo bomba la maji ya mlimani lilipofika kijijini, alifurahi kuliko wote. "Ndaga fijo," alimshukuru fundi Dickson, akamkatia na mkungu wa ndizi. Mkungu mzima, bure! Mwaka ukaisha, koki ikabaki kavu. Hoteli ya watalii hapo jirani, bomba lilelile linamwagilia majani. Majani, jamani!

Ikatangazwa siku ya uzinduzi. Asubuhi yake fundi Dickson akawapanga kina mama wachote maji ziwani, wajaze tangi la bomba juu kilimani.

"Ni ya kupimia mabomba tu, mama zangu. Ya mlimani yanafuata."

Tusekile na ujanja wake wote akaamini. Alipanda kilima na ndoo kichwani mara nane, goti likimuuma, huku akiimba.

Saa tano mgeni rasmi akashuka garini na suti yake, akakata utepe, akafungua koki. Maji yakatoka. Vigelegele!

"Maji safi na salama kutoka mlimani!" akatamka, huku akinywa maji ya chupa.

Tusekile akamtazama Dickson. Dickson akainamia viatu vyake. Loo! Kumbe hakuna kilichokuwa kinafuata. Hasira ikampanda, akakinga kikombe kwenye koki, akawapita wakubwa wote mpaka mbele.

"Karibu mheshimiwa, uwe wa kwanza kunywa. Nimeyabeba mwenyewe kutoka ziwani leo asubuhi."

Mgeni rasmi akakitazama kikombe, akamrudishia taratibu.

"Samahani mama, tumbo langu halijazoea maji ya ziwa."

"Na la Kisa wangu," akauliza Tusekile, "lilizoea lini?"